Mikono ya Mama, Kamera ya Lemburis

Ukimwita kaka yangu Lemburis mpiga picha wa harusi, atakununia wiki nzima. Yeye ni mpiga picha wa filamu, tena filamu huru, yaani zile ambazo hakuna aliyemtuma. Mwaka wa nane huu anaishi chumba kimoja Sekei na kamera zake tatu. Amepanda Meru mara nne kusubiri mwanga, na mara nne ameshuka na mafua.

Nilipokaribia kuolewa nilimwomba jambo moja tu, airekodi baraka ya Mama. Kwetu Ngaramtoni bibi harusi hatoki nyumbani kabla mama hajachovya majani mabichi kwenye maziwa, akamnyunyizia na kumwombea. Mama alikuwa mgonjwa, na sote tulijua Krismasi hafiki.

"Niachie mimi," Lemburis akasema.

Siku yenyewe akawafukuza wote mlangoni, tukabaki mimi na Mama tu, eti wanaharibu mwanga. Mama mdogo Nashipae akatoa simu yake yenye kioo kilichopasuka.

"Shikamoo, mama mdogo. Naomba uiweke hiyo, hapa kuna mtaalamu."

"Marahaba," akajibu, akasogea kwenye migomba, simu akabaki nayo mkononi.

Mama akatuacha Novemba. Tulipomaliza mazishi nikaenda Sekei kuiangalia filamu yake. Jamani, ni picha nzuri. Tone la maziwa linaning'inia kwenye jani sekunde kumi nzima. Vidole vya Mama vinachovya majani. Viatu vyangu vimo, moshi wa jikoni umo, hata kuku yumo. Uso wa Mama haumo hata mara moja.

"Uso uko wapi?"

"Uso ungesema kila kitu," akanijibu. "Mikono inamwacha mtazamaji afikiri."

"Mimi sikutaka kufikiri, Lemburis. Nilitaka kumwona." Nilikasirika mpaka nikashindwa kulia.

Filamu ikaonyeshwa kwenye ukumbi mmoja Kijenge, mbele ya watu arobaini. Wakapiga makofi. Kisha dada mmoja akanyoosha mkono, akauliza huyo mama sura yake ilikuwaje. 

Kesho yake Lemburis akaniandikia ujumbe: "Ile aliyoichukua mama mdogo kwa simu unayo? Naomba nitumie."

Ninayo. Imepinda, kidole cha mama mdogo kimeziba kona, jani la mgomba linapitapita, lakini Mama yumo, ananitazama anacheka. Nilimwacha asubiri hadi Jumapili, maana kusubiri amezoea, ndipo nikamtumia.