Watu Hawahesabiwi Nyumbani kwa Shosho

Juzi nilipita sokoni Molo nikanusa pareto. Mtu alikuwa amefungua gunia la maua makavu kando ya barabara, na harufu yake, kama umekulia huku juu, huwezi kuichanganya na nyingine: kavu, chungu kidogo, kama nyasi za ng'ombe zilizotiwa kitu cha kuwasha pua. Nilisimama pale na mfuko wangu wa viazi, watu wakiniambia "mathe, songa", na mimi siko Molo tena. Niko Kiamunyi, niko darasa la tano, nimekaa kwenye kigoda katikati ya Shosho na mwanamke mwenye tepu ya kunasa sauti, na nimeambiwa nisipambe neno hata moja.

Wacha niwaeleze polepole, maana hii habari huwa siielezi kwa kila mtu.

Shosho alikuwa mama yake baba yangu, na mimi ndiye niliyepewa jina lake. Yeye Wanjiku, mimi Wanjiku. Tulitoka Kuresoi nikiwa bado wa kubebwa, wakati wa vita vya kikabila, majirani walipogeukiana, nyumba ikabaki majivu, tukajipata Kiamunyi kwenye ploti ya Anko Njoroge, kaka mkubwa wa baba. Kiamunyi ya siku hizo ilikuwa mahindi na vumbi tu, hayo maghorofa yenu hayakuwepo. Mama alikuwa akifanya kazi kwenye mashamba ya maua Naivasha, akija mwisho wa mwezi na sabuni na sukari. Baba hakufika Kiamunyi. Hilo ndilo pekee nililolijua juu yake. Jina lake halikutajwa kwetu, picha yake haikuwekwa ukutani, na nikiuliza, Anko alisema, "Hayo tuliyaacha huko," kisha akatafuta kazi ya kunituma.

Basi likizo moja ya Agosti, mambo yakiwa ya baridi na matope, akaja Daktari Achieng'. Jirani yetu Mama Chebet aliposikia daktari ameingia kwetu, alikuja mbio na goti lake. Akaketi, akapandisha rinda, akanyoosha mguu. Daktari akamwambia kwa adabu kwamba yeye ni daktari wa historia. Mama Chebet akamtazama juu mpaka chini.

"Kwani historia inaugua nini?"

Tulicheka mpaka Shosho akapaliwa na chai. Lakini Daktari hakucheka sana. Alisema, "Inaugua, mama. Inaugua watu kunyamaza."

Alikuwa akifanya utafiti kuhusu Wayahudi. Mimi Wayahudi niliowajua walikuwa wa Sunday School, wale wa kuvuka bahari. Daktari akatueleza kwamba hata juzijuzi tu, Shosho akiwa msichana, serikali ya Ujerumani ilikata shauri kwamba Wayahudi wasiishi. Ikawanyang'anya kazi, ikawanyang'anya nyumba, halafu ikawaua, mamilioni, wazee na watoto wachanga. Wachache waliokimbia mapema walitawanyika duniani, na baadhi yao wakafika huku kwetu, kwenye mashamba ya wazungu, wakalima pareto baridini. Katika nyumba moja ya namna hiyo, karibu na Molo, Shosho alikuwa yaya. Mtoto aliyembeba mgongoni alikuwa sasa mama mtu mzima ng'ambo, na ndiye aliyemwambia Daktari, "Kuna msichana alinilea, aliitwa Wanjiku." Mtafute Wanjiku mmoja katika Bonde la Ufa uone! Lakini Daktari aliuliza shamba hadi shamba, kanisa hadi kanisa, akampata.

Anko hakupenda. Aliongea akiwa amesimama mlangoni, kofia mkononi.

"Daktari, usinielewe vibaya. Lakini hawa ni wafu wa watu wengine. Na wetu je? Watu walichomwa hapo Kuresoi juzi, nani alikuja na tepu? Nani?"

Nilidhani Daktari ataaibika. Hakuaibika. Alimjibu, "Umesema kweli, mzee. Lakini nikikosa kuandika hawa kwa sababu wale hawakuandikwa, nani atakuwa amepata faida?"

Anko akavaa kofia akaenda kuangalia ng'ombe ambaye hakuwa na shida yoyote.

Shosho alikuwa na Kiswahili cha sokoni, cha kununulia chumvi. Alisema mambo ya Memsabu, yule mama Myahudi wa shamba la pareto, hawezi kuyasema kwa lugha ya kununulia chumvi, atayasema kwa Gĩkũyũ chake. Basi nikawekwa katikati nitafsiri. Daktari akanipa masharti yake: nisiseme "Shosho anasema kwamba", niseme "mimi", vile yeye amesema. Nisimsaidie akikwama. Nisiongeze, nisipunguze, nisilainishe. Nilijiona mtu mkubwa sana. Niliketi wima kama karani wa korti.

Na maswali yake, jamani! Mimi nilitarajia aulize kama Memsabu alikuwa mzuri au mbaya. Yeye akauliza: ulikuwa umesimama wapi? Nani mwingine alikuwa hapo? Hilo uliliona ama uliambiwa? Mara ya kwanza kutafsiri hilo la mwisho nilitazama sakafu, kwa sababu kwetu humuulizi mtu mzima kama ameona au ameambiwa. Hiyo ni kumuita mwongo mbele ya chai yake. Lakini Shosho akatabasamu, akavuta leso yake vizuri, akajibu moja moja. Hili niliona. Hili niliambiwa na mpishi. Hili sijui. Hata kuku walipoingia wakipiga kelele, na mimi nikainuka niwafukuze, Daktari alinizuia, akasema waache, na wao walikuwepo.

Shosho alisimulia hivi. Vita vya wazungu vilipoisha, kuna siku Memsabu alipata habari za kwao. Hakusema kitu. Alipika, alihesabu trei za pareto, aliwalipa vibarua. Alasiri akaingia kwenye kaushio, ile nyumba ya kukaushia maua, akakaa chini kati ya trei akalia kwa sauti ambayo Shosho hakuwahi kusikia mtu mzima akiitoa. Alipotoka, macho mekundu, alisema ni pareto.

"Binti yake aliniambia mama yake hakulia hata siku moja," Daktari alisema.

Nikatafsiri. Shosho akacheka. "Alikuwa amelala mgongoni mwangu. Angeonaje?"

Daktari akayaandika yote mawili, la binti na la yaya, kila moja na mwenyewe. Nilidhani atafuta moja. Kule shuleni kwetu jibu lilikuwa moja, la pili lilikuwa viboko.

Halafu Shosho akaeleza kuhusu mshumaa. Kila mwaka, siku moja, Memsabu aliwasha mshumaa ndani ya gilasi akauacha jikoni, mchana kutwa na usiku kucha. Shosho, msichana wa watu, alishindwa kuvumilia. Akamuuliza mbona anachoma mshumaa na jua liko nje. Memsabu akamwambia kwa kile Kiswahili chao cha jikoni kwamba ni wa watu wake waliouawa. Siku waliyokufa haijui, hakuna aliyemwambia, kwa hiyo amejichagulia siku. Na akawataja. Kila mwaka aliwataja, Shosho akiwa hapo na sufuria mkononi, mpaka uhuru ulipokuja na shamba likauzwa.

"Walikuwa wangapi?" Daktari akauliza.

Hapo nikaacha kutafsiri. Katika nyumba ya Shosho mtu hahesabiwi. Wageni hawahesabiwi, watoto hawahesabiwi, hata vifaranga unawatazama tu kwa jicho. Ukihesabu watu umewaitia mabaya. Mimi niliwahi kuhesabu binamu zangu kwa kidole siku ya Krismasi, na kile kidole kilichapwa mpaka nikalia. Sasa nitamuulizaje? Nikamuuliza kwa sauti ndogo. Shosho akatazama ukuta.

Anko alikuwa amerudi, amesimama mlangoni tena. "Mami, sema tu. Sema kumi, sema nane, huyu mama ana safari."

Shosho hakumtazama. Daktari akangoja, tepu ikizunguka, halafu nikaona kalamu yake ikienda kwenye karatasi, na nikasoma kichwa chini: hakumbuki.

Wee! Damu ilinichemka. Nilisahau mimi ni mtoto, nikasahau masharti. "Hajasahau!" nikasema. "Usiandike hivyo! Kwetu watu hawahesabiwi. Muulize vizuri!"

"Wanjiku!" Anko akaunguruma. "Hayo ni mambo ya kizamani, unatuaibisha."

Lakini Daktari alikuwa ameweka kalamu chini. Akaiokota tena, akakata lile neno kwa mstari. Alisema, na sauti yake ilikuwa imebadilika, "Hata Wayahudi wenyewe, wale wa dini, wana desturi ya kutohesabu watu. Waliowaua ndio waliopenda sana kuhesabu. Waliwachora namba mikononi." Akamgeukia Shosho. "Nisamehe, mama. Niambie majina."

Na Shosho akataja. Rosa, mama yake Memsabu. Emil, baba yake. Hanna, dada yake, na mume wa Hanna, Kurt, aliyepiga fidla. Aliwataja kwa ulimi wa Kuresoi, lakini hakuruka mtu. Kila jina nililirudia, na kila jina Daktari aliliandika. Kisha Shosho akakwama njiani.

"Kuna mtoto wa huyo Hanna. Msichana. Jina lake limenipotea."

"Sema tu Maria," Anko akasema, safari hii akibembeleza. "Nani atajua?"

"Mwenye jina atajua," Shosho akamjibu.

Daktari akaandika hivyo hivyo: mtoto wa kike wa Hanna, jina halikumbukwi. Hakumtia Maria.

Mimi nilidhani tumemaliza. Daktari aligeuza kaseti, akaibonyeza tena, akanywa chai iliyopoa. Halafu akauliza, bila kumtazama Anko, "Na wako, mama?"

Anko akaingia ndani kabisa. "Hapana. Hiyo siyo. Hayo tumeyaacha."

Fikirini. Mtu yule yule wa "na wetu je, nani alikuja na tepu?" Sasa tepu imekuja, iko mezani, inazunguka, naye anataka izimwe. Nilimkasirikia siku hiyo na sitasema uongo, nilimkasirikia miaka mingi.

Shosho akakunja mikono. Akaanza, kwa Gĩkũyũ, na mimi nikaanza kumfuata kabla sijajua ninaelekea wapi.

"Mimi nilizaa mwana akaitwa Kamau."

"Nyamaza, Wanjiku," Anko akasema. Sijui alimwambia Wanjiku yupi. Hakuna aliyenyamaza.

"Mwanangu Kamau alikuwa mrefu, alipenda viazi vya kuchoma kwenye majivu. Alirudi nyumbani kutoa ndama. Nilimwambia aache ndama. Waliokuja kuchoma walimpata hapo langoni. Wawili kati yao walikuwa wamekula kwangu. Aliuawa asubuhi, umande bado uko kwenye nyasi. Sikumzika. Tulikimbia."

Nilikuwa nikisema "mwanangu" juu ya baba yangu. Machozi yaliniingia mdomoni, nikayameza, nikaendelea, kwa sababu nilikuwa nimeambiwa nisipunguze. Hiyo ndiyo mara ya kwanza nilisikia jina la baba likisemwa ndani ya nyumba, na aliyelisema kwa Kiswahili ni mimi.

Daktari hakutupa pole za haraka. Aliuliza, "Nani mwingine alikuwa hapo?"

Shosho akatikisa kichwa. Ndipo Anko, amerudi nyuma akajishika kwenye fremu ya mlango, akasema kwa sauti ambayo sikuijua:

"Haikuwa asubuhi. Ilikuwa mchana. Umande ulikuwa umeisha. Mimi nilikuwa kwenye mahindi."

Daktari alisogeza tepu upande wake. "Jina lako, mzee?"

Akalisema. Akaketi. Akaongea mpaka kaseti ikaisha.

Nilikuwa mtoto. Nilidhani Daktari Achieng' amemshinda Anko, nikafurahi. Ilinichukua kukua, na kuwa mwalimu wa historia mwenyewe, kuelewa kwamba Anko hakunyamaza kwa kuwa hajali. Alinyamaza kwa kuwa aliona, na alijificha, na hakuna aliyewahi kumuuliza alikuwa amesimama wapi. Yale maswali niliyoyaona ya kukosa adabu ndiyo heshima kubwa zaidi niliyowahi kuona mtu mzima akipewa.

Muhula uliopita mwanafunzi wangu mmoja alinionyesha simu. Jamaa fulani humo, ana tai na sauti nzuri, anasema Wayahudi hawakuuawa vile, kwamba mashahidi wanapingana, mmoja anasema hivi, mwingine vile, kwa hiyo ni hadithi. "Na hata za huku kwetu, mwalimu, si ni hivyo hivyo? Kila mtu na yake," kijana akaniuliza. Na mkubwa wangu mmoja alishanishauri nifundishe ya mtihani tu, nisichokonoe vidonda.

Sitaacha kuchokonoa. Nilimrudishia kijana simu yake na nikamwambia mbele ya darasa zima: baba yangu aliitwa Kamau. Mama yake alisema aliuawa asubuhi, kaka yake akasema mchana, na hakuna kati yao aliyesema hakuuawa.