Kopo Lisilolia

Siku yangu ya kwanza katika kliniki ya tiba na matunzo, pale Nyakato, mganga mfawidhi, yaani mkuu wa kituo, aliniita ofisini kabla sijavaa hata koti. "Ukikutana na mgonjwa sokoni, usimsalimie mpaka aanze yeye," aliniambia. "Linaloingia humu halitoki." Nikaitikia upesi. Nilikuwa mbichi, nikaona ni jambo jepesi.

Kazi ilikuwa ushauri nasaha: kumpa mtu majibu yake, kisha kumfundisha kumeza dawa za kufubaza virusi vya UKIMWI kila siku bila kukosa. Lakini ninyi wauguzi wa sasa mjue, muda mwingi tulifundisha kuficha. Kopo la vidonge hulia likitikiswa, basi tulishindilia pamba juu ya vidonge ili watu wa nyumbani wasisikie. Mimi nilisifika kwa pamba hiyo, na nilijivuna.

Mama Kulwa, jina si lake, alificha kopo ndani ya ndoo ya unga. Mume akijua, alisema, atamrudisha kwao Misungwi. Mume naye alikuwa mgonjwa wangu. Kopo lake lilikaa kiwandani, kwenye kabati la nguo za kazi, kwa kuogopa kwamba mke akijua ataondoka na watoto. Nilimsihi kila mmoja aje na mwenzake. Kila mmoja akaniapisha. Nikawapangia siku tofauti wasikutane, nikawajazia pamba wote wawili.

Kisha mume akapunguzwa kazini. Walikaa chumba kimoja. Hakuwa na pa kumezea kwa siri, akaacha dawa. Nilimpigia simu, hakupokea. Mganga mfawidhi aliyekuwapo wakati huo akasema kanuni ni ileile, waambiane wenyewe. Mama Kulwa alikuja tarehe yake, akanieleza kuwa mumewe anasumbuliwa na vidonda vya tumbo. Nikaandika uzito wake kwenye kadi, nikanyamaza.

Baada ya mazishi alikuja na kopo alilolikuta ndani ya buti za marehemu.

"Sista, hii pamba ni mkono wako," alisema. "Tungemeza pamoja. Ungenikonyeza tu."



Sasa nimestaafu. Huwa natafuta mahali nilipovunja kanuni, ili nitubu nipumzike. Sipaoni. Na angekuja mwingine kesho, ningenyamaza vilevile, na mumewe angekufa vilevile.