Kinyozi Anayewawekea Mabaharia Mwisho wa Hadithi

Ni asubuhi, na mlango wa kibanda cha kunyolea kinachotazamana na geti la bandari unasukumwa taratibu. Anaingia mwanamume asiyefahamika na mtu. Ndevu zimemfika kifuani. Begi lake la turubai limepauka, na viatu vyake vimekaushwa na chumvi hadi vimepasuka.

Wateja waliokaa kwenye benchi wanabanana kumpisha. Yeye haketi. Anakitazama kile kiti cha kuzunguka kama mtu anayemtazama ndugu waliyepotezana naye.

"Karibu, baba," anasema kinyozi, macho yakiwa kwenye kisogo anachokinyoa. "Foleni inaanzia huko. Ila kwa msitu huo, itabidi niazime panga kwanza."

Benchi zima linacheka. Mgeni anasubiri kicheko kiishe.

"Sikufuata kunyolewa tu," anasema. "Nimefuata changu. Alimuuliza nini?"

Kinyozi anazima mashine. Kitana kinamponyoka na kuanguka sakafuni, na hakuna anayekiokota.

"Mpishi?" anauliza kwa sauti ndogo. "Ni wewe?"

"Ni mimi, Bi Wembe."

Mwanamke huyu mwenye miaka hamsini na minane ndiye kinyozi anayependwa kuliko wote na mabaharia wa meli za mizigo zinazotia nanga hapa. Jina la Bi Wembe walimpa wao. Kiti alikirithi kwa baba yake, na pamoja na kiti akarithi kipaji cha kutunga: mashairi na hadithi za bahari, nyingi za kutisha. Kwake utasikia habari za nahodha aliyezikwa baharini akarudi kudai kofia yake, au za kengele ya meli iliyozama inayolia kila mtu anapodanganya.

"Baharia hatishiki na mambo ya nchi kavu," anasema huku akikung'uta taulo. "Ukimsimulia habari za fisi anasinzia. Mwambie kuna mkono umeshika ngazi ya meli kutokea chini, uone kama hata kope atapepesa. Na mimi nataka atulie, nina wembe shingoni mwake!"

Kuna desturi moja katika kibanda hiki. Baharia anayesafiri husimuliwa hadithi mpya, yake peke yake, lakini haimaliziwi. Mwisho huwekwa hadi atakaporudi, na lazima yeye awe wa kwanza kuusikia.

Bi Wembe anasema hakuna aliyekaa chini akaipanga desturi hiyo. Enzi za baba yake, nywele zilikuwa zikiisha kabla ya hadithi. Wateja wakawa wanaondoka wakisema, "Utanimalizia nikirudi." Waliporudi salama, wenzao nao wakaanza kukataa kumaliziwa.

Desturi ina upande wake wa giza. Baharia akifa majini, jamaa na wenzake hukusanyika kibandani, kiti kikaachwa wazi, na mwisho wa hadithi yake ukasemwa kwa sauti mbele ya wote. Ndipo watu hulia. Kwa familia za hapa, kusikia mwisho wa hadithi ya mtu naye hayupo kitini ni kuambiwa kwamba hatarudi.

Mpishi wa meli alipoaga, karibu mwaka mmoja uliopita, aliachiwa hadithi ya mgeni wa ukungu. Mabaharia wanamwokoa mtu aliyelowa, anayepiga makasia peke yake katikati ya ukungu. Wanampa kitanda na kumsahau. Kila kunapokucha, baharia mmoja hayupo. Nguo zake zinakutwa kitandani zimekunjwa vizuri, zinachuruzika maji. Mwishowe anabaki mpishi peke yake, na mgeni anamfuata jikoni, anamwekea mkono begani na kumuuliza swali.

Hapo ndipo Bi Wembe alipomfuta povu mteja wake na kusema, "Safari njema, shemeji."

Baharia mmoja alikuwa ameirekodi nusu hiyo kwenye simu. Ikasambaa hadi kwa waandaaji wa shindano la watunzi, ambao walimwalika Bi Wembe kwenye fainali kwa sharti kwamba aisome hadithi hiyohiyo, nzima. Zawadi ya mshindi ilikuwa kuchapishiwa kitabu.

Hilo lilimgusa penyewe. Tungo zote za baba yake na zake zimo kichwani mwake tu. "Nilimwambia mwanangu, nikipata homa kali hapa, bahari nzima imekauka," anasema.

Wiki chache kabla ya fainali, meli ya mpishi ikakatika mawasiliano. Ofisi ya meli haikuwa na jibu. Bandarini watu wakaanza kuongea kwa kunong'ona.

Mwana wa Bi Wembe, fundi wa redio, alimsihi. "Mama, soma tu yote. Yeye yuko katikati ya maji huko, nani atamwambia?"

"Hakuna," mama yake akamjibu. "Lakini akija nitamnyoa kwa uso gani?"

Siku ya fainali, ukumbi ulijaa hadi watu wakasimama milangoni. Bi Wembe alipanda jukwaani na aproni yake ya kazi. Anasema bila hiyo mikono haijui pa kukaa. Alisimulia, akaimba, akanyamaza pale pa kunyamazia. Akafika jikoni:

*Mgeni wa ukunguni, jikoni akaingia,*
*Maji tele mdomoni, baridi yatangulia,*
*Akamwekea begani, mkono ukatulia,*
*Akataka jambo gani? Mpishi alisikia.*

Ndipo alipomwona mke wa mpishi katika safu ya tatu, ameshika ukingo wa kiti kwa mikono yote miwili. Mwanamke huyo aliijua desturi. Alikuwa amekuja kusikia kama mumewe amekufa.

"Mwisho upo, ninao," Bi Wembe aliuambia ukumbi. "Lakini una mwenyewe, na mwenyewe yuko safarini. Akirudi nitamwambia. Ahsanteni."

Akainamisha kichwa na kushuka.

Kisha mke wa mpishi akasimama na kuanza kupiga makofi, peke yake, machozi yakimtiririka. Mabaharia wa nyuma wakafuata, na baada yao ukumbi mzima. Walipiga makofi na kugonga sakafu kwa miguu hadi majaji wakashindwa kumwita mshindani aliyefuata.

Majaji walishika kanuni zao. Hadithi isiyo na mwisho haikupewa alama, na kitabu kikaenda kwa mwingine.

"Nililia nyumbani, sikufichi," anasema Bi Wembe. "Nilikitaka kile kitabu. Lakini usiku ule nililala."

Na leo asubuhi, mwenyewe amerudi. Injini ilikufa, mpishi anaeleza, redio nayo ikafuata, wakaelea hadi meli nyingine ilipowavuta. Ameshuka sasa hivi.

"Umeshafika kwa mkeo?" Bi Wembe anamuuliza kwa ukali.

"Yuko hapo nje, ananisubiri. Kanikimbia alipoziona ndevu, kasema nisitie mguu nyumbani kabla ya kuja kwako."

Mteja aliyenyolewa nusu kichwa anashuka kitini bila kuombwa. Mpishi anaketi. Mkewe anaingia na kusimama mlangoni, na nyuma yake wameshajaa watu wa bandarini.

"Waambie wote, Bi Wembe," mpishi anasema. "Nasikia wamengoja sana."

"Wewe kwanza. Ndivyo tulivyopatana."

Bi Wembe anampaka povu, anainama na kumnong'oneza sikioni. Mpishi anaruka kitini na povu lake.

"Nimembakizia!" anapaza sauti. "Mke wangu, nimembakizia! Tangu nitoke hapa, kila jioni nabakiza sahani moja jikoni, nikisema asije huyu mtu akanikuta mikono mitupu. Wenzangu wamenicheka weee!"

Kicheko kinapasuka hadi barabarani. Bi Wembe anamrudisha kitini kwa kumbonyeza bega, anafungua wembe, kisha anawageukia wote na kusema kwa sauti mwisho ule aliounyima ukumbi:

*Akanena kwa huzuni, sauti ikimwishia,*
*"Na mimi wa kilindini, je, mmenibakizia?"*
*Akaivuta sahani, kajaza akamwambia,*
*"Karibu kula, mgeni, muda nakusubiria."*

Mwanawe ameshika simu, anarekodi kwa ajili ya shindano la mwaka ujao. Wembe wa mama yake unateleza shavuni, na uso wa mpishi unaanza kuonekana.