Vifungo na Neno la Muongozaji

Kila asubuhi, kabla hajagusa sindano, Vifungo alikipangusa kioo cha kujaribia nguo kwa kiwiko, kisha akajisalimia. "Fundi, umeamkaje?" Akajijibu mwenyewe, "Salama, ila kazi imelala pale." Ndipo akakaa.

Alizaliwa na ulemavu uitwao hali ya Down. Mtaa mzima ulijua kumwonea huruma, lakini kifungo alichokishona yeye hakikung'oka. Shangazi yake, mwenye duka, alishona nguo, naye Vifungo akazimalizia. Shangazi akisema "Kata," Vifungo anakata uzi. Ndivyo walivyofanya kazi tangu akiwa msichana.

Watu wa filamu walipokuja kuomba kurekodi dukani, muongozaji alimtazama akasema, "Na huyu tunamtaka. Atakuwa fundi."

Vifungo alimtangazia kila aliyepita. "Mtaniona. Nitakuwa nashona."

Siku yenyewe mwigizaji alisimama mbele yake, naye akamshonea kifungo cha kifuani, midomo ameibana kama kawaida yake. Mkono ulikwenda vizuri. Muongozaji akaona inatosha, akapaza sauti, "Kata!"

Vifungo akakata. Mwigizaji alikuwa keshaanza kugeuka, mkasi ukaondoka na kipande cha shati.

Watu walicheka wakashika mbavu. Shangazi naye alicheka.

"Hiyo hiyo," muongozaji alisema, anafuta machozi. "Turudie. Ila sasa, dada, achama kidogo. Shangaashangaa."

"Nikishona nafunga mdomo. Na shati nimekosea. Fundi harudii kosa."

"Mwanangu, usiniaibishe mbele ya wageni," shangazi alimnong'oneza. "Ni mchezo tu. Fanya yaishe."

Akafanya. Akaachama.

Filamu ilipotoka, kushona hakukuwemo. Ulikuwemo mkasi, shati na mdomo wazi. Watu wakawa wanasimama mlangoni bila hata nguo ya kushonesha, wanapiga kelele "Kata!", wanaangua kicheko, wanakwenda zao. Fundi viatu wa jirani, aliyezoea kumletea makoti yake, sasa aliuliza kwa mbali, "Leo zamu ya nani kukatwa?" Na wateja wa kweli wakaanza kumwambia shangazi, "Vifungo uvishone mwenyewe, mama. Huyo asije akaniharibia."

Shangazi hakubishana. Alimpa Vifungo fagio.

Mchana mmoja waliingia wageni, simu mkononi. Shangazi akaita, "Vifungo, njoo uwafanyie ile."

"Ipi?"

"Si unaijua. Wametoka mbali, mwanangu."

"Nipe kwanza kifungo nishone, waone."

"Hicho baadaye. Wao wanataka ile."

Vifungo aliegemeza fagio ukutani. Akavaa kandambili zake, akawapita wageni mlangoni. Wao walidhani mchezo ndio umeanza, wakamfuata kwa simu zao hadi barabarani, wanacheka, wanangoja ageuke.

Hakugeuka. Shangazi alichelewa kufunga duka siku ile, na zilizofuata, akimngoja. Vifungo hakurudi.