Kamba Iliyopita Bafuni kwa Mama Mkwe

Nyie chekeni tu, aibu yenyewe nimeshaizoea, siku hizi naisimulia mwenyewe kabla wengine hawajanitangulia. Tulikuwa tumehamishiwa kijiji kipya cha ujamaa, huku upande wa Usoke, na mimi, kwa elimu yangu ya darasa la nne, Bwana Maendeleo, yule ofisa aliyesimamia uhamisho, akanichagua niwe mshika kamba ya kupimia. Nyumba zote zikae mstari mmoja, kila mlango na namba yake, na chochote kitakachoguswa na kamba kivunjwe. Nilishajiona mhandisi, kaptula nimeipiga pasi!

Basi asubuhi moja kamba ikapita katikati ya bafu la nyasi la mama Tatu, mlango namba saba (Tatu ndiye mchumba wangu, mahari ilibaki kupelekwa tu). Kusogeza kigingi kidogo kungetosha. Nikamtazama Bwana Maendeleo, akasema, "Amri haina mchumba, ndugu." Nami kwa kutaka sifa nikapaza sauti, "Namba Saba! Kama kuna mtu humo atoke, tunabomoa!"

Kutoka ndani: "Wee baba, si mimi mama yako? Ngoja nijimwagie, nina povu machoni."

Sauti naijua, ugali wake nimekula, na bado nikajibu, "Namba Saba, amri ni amri," nikavuta nguzo. Ukuta ukaja wote (kumbe mchwa walishamaliza kazi), na mkwe wangu, ambaye kwa mila zetu hata njiani nampisha nikiangalia chini, huyo wima na khanga moja, povu hadi puani, wanawake wote wa kisimani wanatazama! Nikakimbia, kamba ileile ikaninasa mguu, nikaanguka kwenye tope la maji ya bafu, mhandisi mzima.

Tatu hakucheka. "Siku wakikwambia unibomoe mimi," alisema, "utauliza tu shoka liko wapi."

Iliniuma jamani. Kesho yake nikakata nyasi, nikalijenga bafu palepale, kigingi nikakihamisha. Bwana Maendeleo akafoka, "Nani kapinda mstari?"

"Mimi, mzee. Humo anaoga mama Tatu."

Akaninyang'anya kamba, uhandisi ukaishia hapo. Lakini Tatu nilimwoa, na sivuti nguzo ya mtu tena kabla sijamwita kwa jina lake. Jina langu mimi ndilo limepotea: mama mkwe akipakua chakula husema, "Mpelekeeni Namba Saba." Nami naitika, naam mama.