Migomba ya Nyuma ya Jiko

Admin, nifichie jina. Mume wangu hana simu janja, lakini wanangu wote wamo humu kwenye kundi na wifi zangu ndio wasomaji wakubwa.

Mimi ni mama wa miaka sitini na moja, mzaliwa wa Ngana, naishi Kyela mjini kwenye nyumba ya serikali. Mume wangu alikuwa bwana shamba. Tangu astaafu tunaambiwa tuhame, naye akakimbilia mahakamani, tukapewa zuio la kutotolewa. Jamani, kesi imenichosha! Leo hakimu ana udhuru, siku nyingine wakili wa upande wa pili hajafika, tunapanda bodaboda kurudi na vumbi letu. Gauni langu la kanisani limekuwa la mahakamani.

Wakili wetu alisimamia jambo moja tu, kwamba mstaafu hatolewi mpaka mwajiri amsafirishe yeye na mizigo yake hadi kwao. Lilitubeba vizuri. Mwezi uliopita ofisi ikasema haya, lori lipo, pangeni siku. Wakili akasema, "Mzee, hoja imekwisha. Tuifute kesi tuondoke na heshima yetu." Mume wangu akasema hafuti.

Siku ile nilimfokea, Mungu anisamehe. Ngana tuna nyumba ya bati, nimeijenga kwa mpunga wangu mwenyewe. "Baba, unang'ang'ania nini kwenye nyumba inayovuja? Watu wanatucheka!" Watoto nao wakampigia simu kumsihi aache ubishi. Hafuti.

Sasa niwaambie jambo ambalo sijawahi kulisema. Mtoto wetu wa kwanza kuzaliwa katika nyumba hii alikuwa wa kike, na hakumaliza wiki. Kwetu mtoto aliyekufa kabla hajatolewa nje huzikwa na akina mama. Hakuna matanga, wanaume hawaendi wala hawaulizi. Mimi na mama mkwe tulimzika nyuma ya jiko, tukapanda mgomba juu yake, kama ambavyo tungefanya nyumbani. Haikutujia akilini kabisa kwamba pale si kwetu. Mgomba ule ukazaa, ukakatwa, ukachipua, leo ni kichaka kizima. Mama mkwe alishafariki, nikajua siri nimebaki nayo peke yangu. Nilikuwa nimejikaza niondoke hivyo hivyo.

Juzi akaja afisa na futi kamba kupima uwanja. Akasema, "Hii migomba inang'olewa yote, hapa linachimbwa shimo la choo." Nikakaa juu ya ndoo. Alipoondoka, mume wangu akaja kusimama karibu yangu.

"Unaona, mama? Nikifuta kesi, nani atawazuia?"

Kumbe anajua! Miaka yote hiyo! Nikamuuliza nani alimwambia.

"Hakuna aliyeniambia. Ndizi za migomba ile ulikuwa unagawia majirani. Hukuwahi kutupikia sisi."

Nililia kama msiba ndiyo kwanza umetokea. Naye akalia, mtu mzima yule.

Kesi inatajwa wiki ijayo. Wakili anataka sababu, la sivyo anajitoa. Mume wangu anasema jambo hili si la mwanaume kulitaja mbele za watu, ila nikitaka kulisema mimi hanizuii. Naogopa. Wanaweza kusema tulizika kwenye kiwanja cha serikali bila kibali, tukageuka wakosaji. Wanaweza kuamuru afukuliwe, na sijui kama kuna cha kufukua. Au labda watatuhurumia, wasogeze shimo lao. Nikikaa kimya, lori linakuja.

Vyombo nimeshafunga, hata kuku nimewatafutia tenga. Huyu mmoja ndiye sijui namwachaje. Nyie mnaojua sheria, na nyie mliowahi kuzika mtoto, ndaga fijo, asanteni sana kwa kunisoma mpaka hapa. Nisimame mahakamani nimtaje, au ninyamaze nipande lori? Nifanyeje mwenzenu?