Aliyelala Chini ya Nguzo ya Kumi na Moja

Zege bichi lina harufu yake, na ukiizoea utotoni haikutoki tena. Ni harufu ya saruji na chuma kilicholoa, na kwa upande wetu huchanganyika na udongo mweusi wa mbuga, ule unaoganda miguuni hadi mtu anarefuka bila kupenda. Nikiisikia harufu hiyo popote, hata hapa Kahama wanapojenga fremu za maduka kila kukicha, hubadilisha njia. Wenzangu wa kazini hunicheka, wanasema Kabula ana mimba ya saruji. Nawaacha wacheke. Hawakuwepo kijijini Mwanhembo kiangazi kile stesheni ilipopandishwa juu ya nguzo, nami nikiwa darasa la sita, msichana mwenye ulimi mwepesi kuliko akili.

Mwanhembo ni kijiji cha pamba, mpunga na ng'ombe, mkoani Shinyanga, mahali ambapo ardhi imelala tambarare hadi macho yanachoka. Nyumba yetu ilikuwa ya matofali mabichi, nusu bati na nusu nyasi, kwa sababu baba aliezeka upande mmoja halafu akaenda kuchimba dhahabu Nyarugusu, akisema atarudi na bati za upande wa pili. Bati hazikuja, na yeye alikuja mara mojamoja kama mgeni. Tulibaki wawili, mimi na mama, ambaye nilimwita Mayu, kama Wasukuma wengi tunavyowaita mama zetu. Mayu hakusoma. Alijua Kiswahili cha gulioni, cha mchele na dagaa, lakini mtu akimjia na Kiswahili cha ofisini alitazama chini kisha akanitafuta kwa macho. Mimi ndiye niliyekuwa mdomo wake zahanati, shuleni na kwa mtendaji wa kijiji. Niliringa sana kwa kazi hiyo, sina haja ya kuficha, na mara nyingine niliongeza mapambo yangu mwenyewe.

Ubavuni mwa nyumba hiyo, upande wa bati, pale maji ya mvua yalipodondokea kutoka kwenye paa, alikuwa amelala mdogo wangu. Alikufa akiwa na miezi minne, kwa homa ya siku mbili, mimi nikiwa darasa la tatu. Katika ukoo wa baba, mtoto akifa kabla ya kuota meno hafanyiwi matanga. Hapelekwi walikozikwa wakubwa, hawekewi mawe wala msalaba, na mahali pake hapaitwi kaburi. Huwekwa karibu na nyumba ili apate maji ya paa, apoe, na akipenda arudi tena tumboni. Mama mzazi haruhusiwi kumtaja wala kusema kwamba amemzika, kwani akisema, atakuwa amemfungia mlango wa kurudi. Katazo hilo ni la mama peke yake. Sisi wengine tulinyamaza kwa sababu yeye alinyamaza. Leo mimi namtaja: aliitwa Masele, alikuwa na kichwa kikubwa, na alicheka kila alipopigiwa kopo.

Wapima ardhi walikuja pamba ikiwa imekwisha kuvunwa. Aliyefika kwetu alikuwa kijana mpole wa kutoka Tanga, tuliyemwita Injinia ingawa alituambia mara kadhaa kwamba yeye si injinia. Mgeni njoo, mwenyeji apone: Mayu akamtolea kigoda na karanga za kuchemsha, akanikalisha mimi katikati yao. Injinia akaeleza kwamba reli ya kisasa ingepita kijijini kwetu, na kwamba isingelazwa chini. "Udongo wenu huu unavimba masika, kiangazi unapasuka," alisema. "Ukilaza reli juu yake itapinda. Kwa hiyo tunainyanyua. Stesheni itakaa juu, na ng'ombe wenu watapita chini." Nilitafsiri mbiombio. Katika kijiji ambacho kitu kirefu kuliko vyote kilikuwa tangi la maji la shule, mtu alikuwa anazungumzia stesheni ya kupanda ngazi. Akanisifu, akasema Kiswahili changu ni kizuri kuliko cha watoto wa mjini, akanivika kofia yake ngumu ya njano. Ilinishuka hadi puani.

Kisha akafungua karatasi zake. Aliuliza majina, akauliza mipaka, akauliza miti. Mwishoni akasema, "Muulize mama, katika kiwanja hiki kuna kaburi?" Nilimgeukia Mayu nikamuuliza kwa Kisukuma, nikitumia neno lile la makaburi ya wakubwa, ya mawe na misalaba. Mayu alinitazama, akanitazama kwa muda mrefu hadi Injinia akainua kichwa kutoka kwenye karatasi. Halafu akasema, "Nduhu." Nduhu ni neno dogo la Kisukuma, maana yake hakuna. Nami nikasema, "Hakuna." Injinia akaandika, akamshika Mayu kidole gumba kwa adabu, akamwambia samahani mama, akakikandamiza kwenye wino na kukipiga kwenye karatasi.

Nilijua. Nataka hili lieleweke bila kuzungushwa, maana watu wazima hupenda kusingizia utoto. Nilijua kwamba umbali wa hatua nane kutoka kwenye kile kigoda kulikuwa na mtoto, na nilijua kwamba neno nililolitumia halikumhusu. Ningeweza kumwambia Injinia, "Kaburi hakuna, ila mdogo wangu yuko pale." Maneno hayo yote nilikuwa nayo, na Kiswahili kizuri si nilikuwa nimeshasifiwa? Lakini kabla ya kufungua karatasi, Injinia alikuwa ametamka kwa mzaha tu kwamba mahali pakiwa na mambo mengi, stesheni inasukumwa kijiji cha pili. Kijiji cha pili ndiko walikotoka wasichana waliotushinda mpira wa pete na kutuita watu wa tope. Niliitaka stesheni ile. Niliitaka kuliko nilivyomtaka Masele apate maji yake ya paa, na hiyo ndiyo thamani ya mdogo wangu niliyoipanga mimi, dada yake, nikiwa nimevaa kofia ya watu.

Habari zilipoenea kwamba penye kaburi serikali huhamisha marehemu kwa heshima na kutoa kifuta machozi, makaburi yakaota kijijini kama uyoga. Watu walirundika mawe alfajiri, wakapanda minyaa, wakachonga misalaba na kuipaka matope ili ionekane ya zamani. Mwenyekiti wetu wa kijiji alijenga kaburi la shangazi yake kando ya choo, na wiki ileile mimi nilimwona shangazi huyohuyo gulioni akibishania dagaa. Wahamishaji walipokuja walikuja na mchungaji, shehe, sanduku za mbao na sanda nyeupe. Walichimba, wakakuta udongo mtupu, na kwa kuwa karatasi ilisema kaburi, wakaufunga udongo ule kwenye sanda, wakausalia na kwenda kuuzika upya kwenye makaburi ya kijiji. Tuliimba. Mwenyekiti alilia hadi akashikwa mabega.

Wiki iliyofuata wakapiga vigingi vya nguzo, vyenye vichwa vya rangi nyekundu. Cha kumi na moja kilisimama ubavuni mwa nyumba yetu, upande wa bati. Mayu alikitazama kutwa nzima, na asubuhi nikakuta kimehamia hatua tatu mbele, kwenye majivu ya jikoni. Wapimaji wakakirudisha. Mayu akakihamisha tena. Mara ya tatu akaja msimamizi wa ujenzi mwenyewe, mtu mnene mwenye haraka, akiwa na Mwenyekiti. "Muulize mama yako anachezea nini vigingi vya serikali," aliniambia. Mayu alisimama, kiganja mdomoni. Safari hii nikasema mimi. Nilisema, "Mdogo wangu amelala hapo." Msimamizi akafungua jalada, akanionyesha dole gumba la Mayu. "Hapa mlisema hakuna. Leo yupo! Mawe yake yako wapi? Msalaba uko wapi?" Akamgeukia Mwenyekiti. "Hawa nao wameanza." Mwenyekiti alikuja kwetu Masele alipokufa. Alikunywa uji wetu siku hiyo. Akatazama viatu vyake, akasema, "Mzee, mimi hapo sijui kaburi lolote." Na kwa kweli hakudanganya, kwa maana kaburi halikuwepo. Nilimchukia, na bado namchukia, ingawa naujua usemi wa nyani na kundule.

Tulivunjiwa nyumba, tukahamia hatua kama mia tatu kutoka pale, kwenye nyumba mpya yenye bati pande zote. Kutoka mlangoni tuliona kila kitu. Wakaleta mtambo wa kutoboa ardhi, mafundi waliuita keekee, mrefu kuliko mti wowote kijijini, na ulipozungusha chuma chake sufuria zetu zililia ndani. Uliingia na kutoka, na kila ulipotoka ulitema udongo pembeni: kwanza mweusi, kisha wa kijivu, kisha mweupe wa chokaa, hadi mawe. Waliufikia mwamba, ndipo nguzo ingekanyaga. Mayu hakuwa anatazama shimo. Alikuwa anatazama ule udongo mweusi wa mwanzo, ambao mtambo wa kijiko uliuzoa na kuupakia kwenye lori, na lori likaenda kuumwaga kwenye njia ya magari ya ujenzi, wakaushindilia. Tangu siku hiyo njia ile hakuikanyaga. Kwenda kisimani alizunguka mashamba ya mpunga, mwendo mara mbili, na ndoo kichwani, na watu wakasema Mama Kabula amepungukiwa.

Walishusha shimoni kizimba cha nondo kwa kreni, nacho kiliingia taratibu, kikigongana na kingo. Magari ya kuzungusha zege yakapanga foleni. Hapo ndipo Mayu alipokwenda. Sikumfuata kwa kujua atafanya nini, nilimfuata kwa woga. Alifika ukingoni akamwambia fundi kwa Kiswahili chake cha gulioni, "Ngoja kidogo, baba. Kidogo tu." Sijui alitaka nini. Labda alitaka kumwaga maji. Labda alitaka kusimama tu pale. Fundi hakuwa mtu mbaya, alimwondoa kwa upole, akamwambia, "Mama, zege halilali." Ni usemi wao mafundi, nchi nzima hutumia hata kwa harusi na siasa, kwamba jambo likishaanza haliahirishwi. Watu husema huku wakicheka. Mimi siwezi kuusikia. Walimimina tangu asubuhi hadi jioni bila kukatisha, na nguzo ilipotoka ardhini waliivika magunia na kuyamwagia maji siku nyingi, kutwa mara tatu, ili isipasuke. Mwaka huo mvua ilichelewa, kisima chetu kilikuwa tope, na wakati ng'ombe wanakonda, nguzo ya kumi na moja ilinywa maji safi ya boza. Ndiyo ile harufu niliyoisema.

Nguzo zikavikwa vichwa, kreni mbili zikabeba mihimili na kuilaza juu, sakafu ikaja, ngazi zikaja, paa likaja jekundu na refu. Mvua za kwanza zilipopiga, maji ya paa lile yalikusanywa kwenye mabomba na kupelekwa mtaroni. Baba alirudi kutoka Nyarugusu mwezi huo, akaulizia nyumba yake ilikokuwa, akaonyeshwa. Alikwenda, akaizunguka nguzo mara moja, akarudi akaomba chakula. Asiyekuwepo na lake halipo, na yeye alilijua hilo vizuri. Hakumuuliza Mayu kitu. Mayu hakuzaa tena.

Sasa mimi ni mtu mzima. Stesheni imekamilika, ina taa, ina vioo, ina mlinzi anayefukuza watoto ngazini. Treni ya kazi hupita mara mojamoja. Ile ya abiria bado tunaahidiwa. Zamani kijiji kilikuwa na giza na kila mtu alijua nani amelala wapi. Siku hizi kina mwanga hadi sisimizi anaonekana, na wageni hupigia picha nguzo zetu. Mimi nafanya kazi mapokezi ya zahanati moja hapa Kahama, na wakija wanawake wakubwa wasiojua Kiswahili huitwa nikawatafsirie kwa daktari. Mwezi uliopita daktari alimuuliza bibi mmoja amezaa watoto wangapi. Bibi akasema watano, kisha akanitazama, akaendelea kunitazama. Nikamuuliza tena, kwa maneno mengine, kuhusu wale waliorudi kabla ya kuota meno. Akanishika mkono akasema wawili. Jumamosi yake nikapanda basi kwenda nyumbani.

Nilimkuta Mayu anapepeta mchele mlangoni, ameigeuzia stesheni mgongo kama kawaida yake. Nilimwamkia, nikakaa chini, nikasema nililolibeba tangu darasa la sita: "Mayu, siku ile ya karatasi nilijua. Nilijua na nikanyamaza."

Aliendelea kupepeta. "Najua ulijua," alisema. "Unadhani nilikutazama vile kwa nini? Mimi nilifungwa mdomo, Kabula. Wewe hukufungwa. Nilikuwa nangoja useme."